Ujira wa Mchekeshaji

Zama zile sahani za filamu zilipokuwa bidhaa yenye soko kubwa Kariakoo, mpita njia wa mitaa ya Msimbazi na Aggrey aghalabu aliikuta sura ya mzee mmoja wa Tanga juu ya majalada yaliyopangwa kwenye meza za wachuuzi. Mzee huyo ni marehemu Amri Athumani, ambaye umma ulimwita Mzee Majuto, na kwa kuutukuza ustadi wake, King Majuto.

Alizaliwa Tanga mwaka 1948, akapanda jukwaani angali mtoto wa miaka tisa hivi, wakati ambapo Tanganyika ilikuwa bado chini ya Waingereza na senema ya nchi haijawa mikononi mwa wenyeji. Jukwaa ndilo lililomlea, nalo ni mwalimu mkali, kwa kuwa mchekeshaji aliyekosea mbele ya hadhara hana wa kumkatia kipande wala wa kumrudishia mchezo nyuma. Hana budi kuligeuza kosa liwe kichekesho kabla watazamaji hawajalitambua. Kwa hiyo, ilipofika miaka ya 2000, filamu za mikanda na sahani zikaenea nchini, yeye hakuwa mwanafunzi wa kamera, bali fundi aliyekamilika, mwenye lafudhi ya Tanga na uso uliotosha kuchekesha kabla ulimi haujatamka neno. Akacheza na wenzake wa hirimu yake, akacheza na vijana wa umri wa wajukuu zake, miongoni mwao marehemu Sharo Milionea, aliyefariki mwaka 2012, na kila mmoja akapata nafasi ya kung'aa kando yake.

Ila, wasikilizaji, kupendwa ni jambo moja na kulipwa ni jingine. Biashara ya filamu ilikuwa na makao yake Kariakoo, na desturi yake ilikuwa kwamba aliyeitengeneza filamu alimwuzia msambazaji kazi nzima pamoja na haki zake kwa bei ya mara moja, na mwigizaji, ambaye sura yake ndiyo iliyoiuza sahani, alichukua ujira wa siku za kazi akaondoka. Insafu yatulazimu tuseme kwamba msambazaji naye aliibiwa na warudufu, hata serikali ikaanza mwaka 2013 kubandika stempu za kodi juu ya sahani halali. Walakini hasara ya tajiri haikuwa hoja ya kumnyima fundi haki yake.

Mwaka 2018 Mzee Majuto aliugua, akapelekwa India kwa matibabu, na katika maradhi yale yakadhihirika malalamiko juu ya mikataba ya kazi zake, hata waziri mwenye dhamana ya sanaa, Dakta Harrison Mwakyembe, akaunda kamati ya wanasheria ili kuipitia. Tarehe 8 Agosti mwaka huo mauti yalimfika katika hospitali ya Muhimbili, naye akazikwa kwao Tanga.

Rai yetu ni hii. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki imekuwapo tangu mwaka 1999, yaani miaka kumi na tisa kabla ya msiba ule. Kilichopungua si sheria, bali mwigizaji aliyesomewa mkataba akauelewa kabla ya kutia sahihi. Michango ya hospitali ni wema unaostahili shukrani, lakini haiwezi kuwa badala ya ujira. Enyi waigizaji, msitie sahihi msichokifahamu. Enyi wafanyabiashara, andikeni malipo kwa kila tangazo na kila rudio. Nanyi wasikilizaji, mnapotaka kumheshimu mchekeshaji, nunueni kazi yake iliyo halali angali hai na mwenye afya.