Kazi ya Msimamizi wa Muziki: Habari za Ruge Mutahaba

Wazee wetu walisema, "Kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza." Neno hilo ni kweli kwa mahindi na kwa samaki, maana mnunuzi huviona kwa macho yake. Lakini wimbo hauwekwi juu ya meza ya sokoni. Wimbo mzuri ulioimbwa chumbani huko Tandika, usiposikiwa na mtu wa pili, hufa pamoja na mwimbaji wake. Kwa sababu hiyo napenda kuzungumza nanyi leo habari za mtu ambaye hakupata sifa kwa kuimba, bali kwa kuzitembeza nyimbo za wengine. Mtu huyo ni marehemu Ruge Mutahaba.

Kwanza yafaa tujue kwamba kazi ya kuwalea wanamuziki si ngeni katika mji wa Dar es Salaam. Mwaka 1964 chama cha wafanyakazi, NUTA, kilianzisha bendi yake iliyoitwa NUTA Jazz. Vyombo vilikuwa mali ya chama, na wapigaji walipokea mshahara kama watumishi wengine. Mashirika mengine yakafuata njia hiyo. Redio nayo ilikuwa ya Serikali, na humo ndimo nyimbo zilimorekodiwa na kutangazwa. Baadaye mambo yakageuka. Sheria ya mwaka 1993 ilifungua mlango wa redio za watu binafsi, na mashirika mengi ya umma hayakuwa tena na nguvu ya kutunza bendi. Wakati huo huo vijana walikuwa wakitunga muziki mpya, ambao watu waliuita Bongo Fleva. Vijana hao hawakuwa na mwajiri wala mlezi, na wazazi wengi waliwaona kuwa wahuni tu.

Hapo ndipo Ruge alipoingia. Alizaliwa Marekani mwaka 1970, akasoma shule hapa nyumbani, kisha akarudi Marekani kusomea mambo ya biashara katika chuo kikuu cha San Jose, California. Alipokwisha kurejea, alishirikiana na Joseph Kusaga, aliyeanza kwa kazi ya kupiga disko, wakajenga Clouds FM. Ruge akawa mkurugenzi wa vipindi na uzalishaji. Redio hiyo haikuona haya kupiga nyimbo za vijana asubuhi na jioni, na tamasha lake la Fiesta likawachukua waimbaji mpaka mikoani, ambako watu walikuwa wamezoea kuwasikia tu bila kuwaona.

Walakini mimi, kwa kuwa ni mwalimu, navutwa zaidi na kazi yake nyingine. Mwaka 2005 ilianzishwa Tanzania House of Talent, yaani Nyumba ya Vipaji ya Tanzania, ambayo wengi waliiita THT. Nyumba hiyo ilikuwa Kinondoni, na Ruge alikuwa miongoni mwa waasisi wake. Vijana wenye vipaji walipokewa bila kudaiwa ada. Walifundishwa kuimba, kupiga ala, kucheza na kuigiza. Wengi wao walikuwa watoto wa mitaani kwetu, wasio na gitaa nyumbani wala mahali pa kufanyia mazoezi bila kugombezwa na majirani.

Angalieni jinsi jambo hilo lilivyo kubwa. Kijana huweza kuzaliwa na sauti nzuri, lakini hazaliwi na pumzi iliyozoezwa, wala desturi ya kufika kwa saa iliyowekwa, wala uvumilivu wa kuurudia ubeti mmoja mara ishirini. Hayo hufundishwa. Na ili yafundishwe, sharti mtu fulani atafute nyumba, anunue vyombo, awalipe walimu, na kubisha hodi kwa wenye fedha. Ndiyo kazi ya msimamizi wa sanaa, nayo haipigiwi makofi. Matunda yake yalionekana: Mwasiti, Barnaba, Linah, Amini, Ditto, na baadaye Nandy, wote walipita katika nyumba hiyo. Tena mwaka 2010, ilipoanzishwa kampeni ya Zinduka ya kupigana na malaria, THT ilishiriki, na wimbo ukapewa kazi ya kuwaamsha watu juu ya kutumia chandarua.

Sasa haki yataka tuseme na upande wa pili. Mtu ashikaye ufunguo wa redio, wa jukwaa, na wa nyumba ya mafunzo, huwa na nguvu nyingi mno juu ya riziki za wenziwe. Wapo wanamuziki walionung'unika hadharani. Joseph Mbilinyi, aitwaye Sugu, aliyechaguliwa mbunge wa Mbeya Mjini mwaka 2010, aligombana na Ruge waziwazi, kisha baadaye wakapatana. Lady Jaydee naye, mwimbaji mwenye heshima kubwa, alikuwa na shauri naye pamoja na redio yake. Mimi si hakimu, wala sikukaa kupima maneno ya kila mmoja. Lakini ugomvi huo unatufundisha kwamba haifai mlango wa mji mzima uwe mmoja tu, hata kama bawabu wake ni mtu mwema. Anayekosana na bawabu hana pengine pa kupita.

Basi, kutokana na habari hizi, nina maneno matatu. Kwa wazazi: mtoto akionyesha kipaji, msimwachie barabara imfundishe, mtafutieni mwalimu, na shule asiiache. Kwa vijana: msitie sahihi karatasi msiyoisoma. Nchi yetu ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, nayo yasema kwamba wimbo una mwenyewe. Asiyejua mali yake hawezi kuidai. Na kwa wenye uwezo: nyumba moja Kinondoni haitoshi. Mchiriku na singeli zimekua katika mitaa ya nje ya mji, kwa kinanda kidogo na vipaza sauti vya kukodi, karibu bila msaada wa mtu. Je, zingefika wapi kama Temeke, Mbagala na Manzese zingekuwa na nyumba zao za mafunzo, kila moja na wasimamizi wake?

Ruge Mutahaba alifariki Afrika Kusini tarehe 26 Februari 2019, akiwa hajatimiza miaka 49, akazikwa kwao Bukoba mwezi wa Machi. Watu walijaa Karimjee kumwaga, na katika umati ule walikuwamo waimbaji ambao sauti zao tusingezijua kama yeye asingezitembeza. Wimbo mwingine mzuri huenda unaimbwa usiku huu karibu na nyumba yako, msikilizaji. Toka nje uusikilize, kisha uulize mwimbaji wake ana haja ya nini.