Seva Inapohamishwa na Mtandao Ukanyamaza
Maneno ya mazungumzo kwa watumishi wa TEHAMA



Usiku wa Jumamosi, tarehe 10 Julai 2021, moto uliliunguza jengo la Soko Kuu la Kariakoo. Bidhaa zinazoungua huonekana na kila mtu. Kumbukumbu za wadaiwa na stakabadhi hupotea kimya kimya, iwapo zimo katika seva moja iliyowekwa chini ya meza. Ndiyo maana seva kongwe za Linux hugeuzwa kuwa mashine pepe: seva nzima huwa faili, nalo hunakiliwa na kuwashwa mahali pengine, hata Dodoma.

Kazi hiyo hukwamia katika mawasiliano. Pengine uhamishaji hufia kwenye asilimia moja, na fundi akalaumu diski. Katika VMware Converter, mashine msaidizi huundwa upande wa pili, nayo ndiyo huvuta data kutoka seva ya zamani kwa njia ya SSH, mlango namba 22. Isipopata anwani ya IP inayofaa, au mlango huo ukizibwa na fayawoli, hakuna kitakachosogea. Fundi kuifikia seva kutoka mezani kwake si ushahidi. Jaribio lifanywe kutoka mtandao wa mashine msaidizi. Milango 443 na 902 ya kompyuta mwenyeji nayo iwe wazi.

Linalosumbua zaidi hutokea baada ya ushindi. Mashine pepe imewaka, lakini haionekani mtandaoni. Matoleo ya zamani, kama CentOS 6, huitambua kadi ya mtandao kwa anwani yake ya MAC, iliyohifadhiwa katika faili la 70-persistent-net.rules. Kadi ya mashine pepe ni ngeni, hivyo hupewa jina eth1, ilhali IP imeandikwa kwa eth0. Fundi aingie kwa konsoli, alifute faili hilo, arekebishe mstari wa HWADDR katika ifcfg-eth0, kisha aiwashe upya. Katika matoleo mapya jina laweza kuwa ens192. Amri ya ip a itamwonyesha.

Wapo wanaoiacha seva ya zamani ikiwaka «kwa usalama». Mashine mbili zenye IP moja hugombana, na kaunta nzima husimama.

Tangu biashara ya saa 24 izinduliwe Kariakoo mwezi Februari 2025, usiku si muda wa bure tena. Wafanyabiashara watangaziwe saa za kazi hiyo mapema. Seva ya zamani izimwe, ichomolewe waya wa mtandao, wala isifutwe mpaka stakabadhi za siku nzima zitoke katika mashine mpya.