Kabla Kibarua Hakijaota Nyasi

Mazungumzo kwa wakazi wa Migori na Homa Bay kuhusu wafanyakazi wa muda wa serikali



Mtu anaweza kufagia soko la Isebania, kukata risiti za ushuru Oyugis au kusukuma vitanda vya wagonjwa mjini Homa Bay kwa miaka, na bado akaitwa kibarua. Jina hilo halimsumbui mpaka siku anapoambiwa asirudi kesho.

Sheria ya Ajira ya 2007 haimwiti kibarua kila asiye na barua. Kibarua ni yule anayelipwa siku inapoisha, na ambaye haajiriwi kwa zaidi ya saa 24 kwa wakati mmoja. Akifanya kazi mfululizo kwa siku zinazofikia mwezi, au kazi yenyewe ikiwa ya kuchukua miezi mitatu au zaidi, kifungu cha 37 kinamhesabu kuwa mfanyakazi wa mshahara wa mwezi. Hapo anastahili notisi ya siku 28 kwa maandishi, au malipo badala yake. Soko halimalizi kuchafuka. Ni vigumu kumwambia aliyelifagia miaka miwili kwamba kazi yake ilikuwa ya siku moja.

Agosti 2022 kaunti zote mbili zilipata magavana wapya: Ochilo Ayacko alimrithi Okoth Obado Migori, na Gladys Wanga akamrithi Cyprian Awiti Homa Bay. Uchaguzi mwingine ni Agosti 2027. Mabadiliko kama hayo huleta hofu, kwa kuwa ndipo orodha ya mishahara hukaguliwa. Ukaguzi ni haki ya mlipa ushuru. Mshahara wa mfanyakazi hewa ni dawa iliyokosekana zahanati. Lakini dosari kwenye orodha si hukumu, na huenda asiye na barua hakupewa na yule yule aliyemwajiri.

Kifungu cha 236 cha Katiba kinakataza afisa wa umma kufutwa bila kufuata sheria. Anayeshtakiwa kwa utovu wa nidhamu au uzembe lazima aelezwe sababu kwa lugha anayoielewa, iwe Dholuo, Kikuria au Kiswahili, akiwa na mwenzake wa kazini aliyemchagua, na utetezi wake usikilizwe kabla ya uamuzi. Kabla, si baada. Kubandika majina langoni si kumsikiliza mtu.

Mkataba wa muda maalum ni jambo jingine. Ukifika tarehe yake, kwa kawaida mahakama haihesabu kwamba mtu amefutwa. Wahudumu wa mpango wa Afya kwa Wote waliajiriwa 2020 kwa miaka mitatu. Mikataba iliongezwa, na mwaka 2025 walipiga kambi nje ya Afya House, Nairobi, kudai ajira ya kudumu. Mwenye mkataba na asome tarehe ya mwisho mapema.

Wengi hupotelea kwenye rufaa. Mtu hufutwa, hukasirika, huchanga pesa za wakili na kukimbilia kortini, kisha kesi hutupwa kabla hata hajasikilizwa. Sheria ya Tume ya Utumishi wa Umma ya 2017 inataka mfanyakazi wa kaunti amalize kwanza rufaa yake mbele ya Tume hiyo. Rufaa huwa ya maandishi, nayo hupelekwa ndani ya siku 90 tangu uamuzi. Aliyechelewa anaweza kuomba akubaliwe, ila Tume haifungwi kumkubalia.

Ushahidi nao hautoki mbali: taarifa ya benki au ujumbe wa M-Pesa wa malipo, kitambulisho cha kazi, picha ya ukurasa wa rejista ya mahudhurio. Kazi ya kuandika mkataba ni ya mwajiri. Kesi ikifika mbele na akose kuutoa, ni juu yake kukanusha masharti anayodai mfanyakazi.

Anayefutwa kwa mdomo aandike siku hiyo hiyo tarehe, mahali na jina la aliyemwambia, kwa kuwa siku 90 zimeanza kuhesabiwa.