Nyumba ya Mkopo: Uliza Jumla Kabla ya Kutia Sahihi

(Mazungumzo yaliyotolewa mbele ya wanakisomo na wanachama wa chama cha akiba na mikopo. Tumeyaandika karibu kama yalivyosemwa.)



Leo nimeombwa nizungumze juu ya mkopo wa nyumba. Labda mwingine hapa anajiuliza: "Mkopo wa nyumba si mambo ya watu wa mjini? Sisi wakulima yanatuhusu nini?"

Yanatuhusu sana. Watoto wetu ni walimu, wauguzi na madereva. Wanataka nyumba, na wanapokopa, mara nyingine wanarudi nyumbani kuomba shamba la baba liwe dhamana. Tena Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 imetuwezesha kupata hati ya hakimiliki ya kimila. Hati hiyo inaweza kuwekwa rehani. Kwa hiyo karatasi iliyo sandukuni kwako ina thamani, na mkopeshaji anaijua thamani yake. Je, wewe unaijua?

Mikopo ya nyumba si kitu kigeni nchini Tanzania. Wazee mnaikumbuka Benki ya Nyumba. Ilianza mwaka 1973, ikafungwa mwaka 1995. Baadaye, mwaka 2008, Bunge lilitunga sheria ya mikopo ya nyumba, na siku hizi mabenki kadhaa yanatoa mikopo hiyo. Kukopa si dhambi wala si aibu. Lakini wahenga walisema: kukopa harusi, kulipa matanga. Leo tufanye hesabu ya matanga kabla ya kucheza ngoma ya harusi.

RIBA NI NINI?

Riba ni kodi ya fedha. Ukikodi maksai wa kulimia, unamlipa mwenye maksai. Ukikodi fedha, unamlipa mwenye fedha. Malipo hayo ndiyo riba.

Sasa sikilizeni mfano. Tuseme ndugu mmoja amekopa shilingi 20,000,000 za kujengea nyumba. Riba ni asilimia 16 kwa mwaka. Atalipa kila mwezi kwa miaka 20.

Tufanye kwamba kila shilingi milioni moja ni maksai mmoja. Basi ndugu yetu amechukua maksai 20. Asilimia 16 maana yake kila maksai anakodishwa kwa shilingi 160,000 kwa mwaka. Maksai 20 ni shilingi 3,200,000 kwa mwaka. Gawanya kwa miezi 12. Unapata kama shilingi 266,670 kwa mwezi. Hiyo ni kodi tu. Hapo hajarudisha maksai hata mmoja.

Mkopeshaji anamwambia: "Utalipa shilingi 278,250 hivi kila mwezi." Ndugu yetu anafurahi. Anasema, "Hizo naziweza." Lakini ngojeni kwanza. Katika malipo ya mwezi wa kwanza, shilingi 266,670 ni kodi. Zinazopunguza deni ni shilingi 11,580 peke yake. Yaani amelipa fedha nyingi, lakini deni limetikisika tu, halikusogea.

Kwa nini iwe hivyo? Si uchawi, wala si lazima iwe wizi. Ni kwa sababu maksai wote 20 bado wako zizini kwake, na kila mmoja anadaiwa kodi. Kodi itapungua pale tu maksai watakapoanza kurudi kwa mwenyewe. Na kwa malipo haya madogo, wanarudi polepole mno.

BAADA YA MIAKA MITANO

Haya, tusogee mbele. Miaka mitano imepita. Ndugu yetu ni mlipaji mzuri, hakukosa hata mwezi mmoja. Amelipa miezi 60. Zidisha 278,250 kwa 60. Unapata shilingi 16,695,000.

Mnadhani deni limebaki kiasi gani? Mwingine atasema milioni tatu na ushei. Hapana, ndugu zangu. Limebaki kama shilingi 18,945,000. Katika miaka mitano amerudisha maksai mmoja na mguu!

Baada ya miaka kumi amelipa shilingi 33,390,000. Hizo zinapita kabisa zile alizokopa. Bado anadaiwa kama shilingi 16,610,000.

Nusu ya deni inakwisha lini? Mwishoni mwa mwaka wa 16. Kuanzia hapo ndipo maksai wanatoka zizini kwa haraka, maana kodi imepungua na sehemu kubwa ya malipo sasa inaingia kwenye deni lenyewe.

Mwisho wa mwaka wa 20, tukizidisha 278,250 kwa miezi 240, tunapata shilingi 66,780,000. Alikopa milioni 20, akalipa karibu milioni 67. Nyumba moja ameilipia kama nyumba tatu na zaidi.

Kuweni waangalifu hapa. Shilingi ya leo si sawa na shilingi ya mwaka wa 20. Bei hupanda, na mwenye mshahara huenda mshahara wake ukapanda pia. Kwa hiyo shilingi 278,250 za miaka ya mwisho zitakuwa nyepesi kidogo mkononi kuliko za mwaka wa kwanza. Hiyo ni kweli. Lakini mkulima asitegemee hilo sana. Bei ya pamba au mahindi haimwahidi mtu kwamba itapanda kila mwaka. Na mvua haijui tarehe ya marejesho.

MIAKA NDIYO INAYOKULA FEDHA

Hapa ndipo penye shina la mazungumzo yangu. Watu wengi wakienda kukopa wanauliza swali moja: "Nitalipa ngapi kwa mwezi?" Wakisikia ndogo, wanatia sahihi. Malipo ya mwezi yanafanywa madogo kwa kuongeza miaka, na miaka ndiyo inayokula fedha.

Tazameni. Mkopo uleule wa shilingi 20,000,000, riba ileile ya asilimia 16. Lakini safari hii ulipwe kwa miaka 10 badala ya 20. Malipo ya mwezi yatakuwa kama shilingi 335,000. Jumla yote ni shilingi 40,200,000.

Linganisheni:

Miaka 20: kwa mwezi 278,250. Jumla 66,780,000.
Miaka 10: kwa mwezi 335,000. Jumla 40,200,000.

Tofauti ya mwezi ni shilingi 56,750. Tofauti ya jumla ni shilingi 26,580,000. Ndugu zangu, hizo zinatosha kujenga nyumba nyingine kwa fedha zilezile alizokopa, na chenji ibaki! Mwenye miaka 10 alijibana miaka kumi, kisha akalala bila deni. Mwenye miaka 20 alipata nafuu ndogo kila mwezi, akainunua nafuu hiyo kwa bei kubwa sana.

Basi je, kila mtu achukue miaka michache? Hapana. Usichukue malipo usiyoyaweza. Ukishindwa kulipa, nyumba inaweza kuuzwa, na hasara hiyo ni kubwa kuliko riba. Lakini kama 335,000 kwa mwezi huziwezi, huenda jibu si kuongeza miaka. Huenda jibu ni kukopa kidogo zaidi. Jenga vyumba viwili badala ya vinne. Weka akiba kwanza, nunua kiwanja na matofali kwa fedha zako, ndipo ukope ya kupaua.

Na kama umeshakopa, uliza: "Naruhusiwa kulipa zaidi nikipata fedha? Kuna adhabu?" Ukiruhusiwa, basi ukivuna vizuri, peleka nyongeza ipunguze deni lenyewe. Nyongeza ya miaka ya mwanzo ina nguvu zaidi, maana maksai unayemrudisha mapema humlipii kodi miaka yote iliyobaki.

ASILIMIA MBILI ZENYE SURA MOJA

Kuna jambo lingine linalowapotosha watu. Mkopeshaji mmoja anasema asilimia 16. Wa pili naye anasema asilimia 16. Unadhani ni sawa, kumbe si sawa.

Wa kwanza anatoza riba kwa deni lililobaki. Ukirudisha maksai, kodi yake inakoma. Hesabu tulizofanya hadi sasa ni za namna hiyo.

Wa pili anatoza riba kwa deni lote la mwanzo hadi siku ya mwisho. Umerudisha maksai 15, lakini unalipia kodi ya maksai 20. Kwa milioni 20 za miaka 10, riba yake ni shilingi 3,200,000 mara 10. Ni shilingi 32,000,000. Kwa yule wa kwanza riba ilikuwa kama shilingi 20,200,000. Asilimia ileile, lakini tofauti ni karibu shilingi milioni 12.

Tena wako wanaotaja riba ya mwezi. "Asilimia tatu tu, mama." Ukizidisha kwa miezi 12, hiyo ni asilimia 36 kwa mwaka. Ndiyo mikopo ambayo mitaani watu wameibatiza jina la "kausha damu". Mkopo wa namna hiyo si wa kujengea nyumba.

Uliza pia kama riba inaweza kubadilika. Mkataba mwingine unamruhusu mkopeshaji kuipandisha. Mkopo wetu wa miaka 20 ungetozwa asilimia 18 tangu mwanzo badala ya 16, malipo ya mwezi yangekuwa kama shilingi 308,660, na jumla ingeongezeka kwa zaidi ya shilingi milioni saba. Asilimia mbili ni neno dogo mdomoni tu.

GHARAMA ZA PEMBENI

Riba haiji peke yake. Iko ada ya kushughulikia mkopo. Iko bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Yuko mthamini wa nyumba, yuko mwanasheria, ziko ada za kusajili rehani. Tena mara nyingi benki haitoi fedha zote za nyumba. Sehemu lazima utoe wewe. Na nyumba yenyewe inataka kutengenezwa: bati linavuja, rangi inabanduka. Andika kila kimoja kwenye daftari lako, ndipo ujumlishe.

Lakini hesabu na upande wa pili pia, maana hesabu ya upande mmoja ni uongo. Mtu anayepanga mjini analipa kodi ya chumba kila mwezi, na hiyo hairudi. Anayejenga kidogo kidogo anaona bei ya saruji na mabati ikipanda, na ukuta usiopauliwa unanyeshewa. Kusubiri nako kuna gharama. Ndiyo maana sisemi usikope. Nasema linganisha jumla kwa jumla.

SAHIHI ZA WATU WAWILI

Akina mama, hili linawahusu sana. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inasema nyumba ya familia haiwekwi rehani na mmoja bila ridhaa ya mwenzake. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 nayo inadai ridhaa hiyo kwenye mkataba wa rehani. Kwa hiyo mume akikuletea karatasi na kusema, "Mama nanihii, tia sahihi hapa haraka, gari linasubiri," mwambie: "Baba, gari lisubiri, au liende. Kwanza tusome."

Na baba naye asione amedharauliwa. Deni la miaka 20 linalipwa na nyumba nzima. Watoto watakosa kitu kwa sababu yake. Ni haki waliomo wajue.

Nchini Tanzania, kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinamtaka mtoa huduma aeleze gharama waziwazi. Kwa hiyo ukiuliza huombi fadhila. Unadai haki yako. Asiyeuliza hanalo ajifunzalo.

Ndugu wanakisomo, zamani karatasi ilisomwa na mwingine, sisi tukatia dole gumba. Leo tunajua kusoma, kuandika na kuhesabu. Mkataba wa mkopo ndio mtihani wenyewe wa kisomo. Ichukue karatasi, nenda nayo nyumbani, isome mara tatu. Usipoelewa, mpelekee mwenye kuelewa asiyepata faida ukikopa. Mkopeshaji akikataa usiende nayo, nawe kataa mkopo wake.



MASWALI YA KUJADILI KATIKA KIKUNDI

1. Mtu amekopa shilingi 1,000,000 kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka. Riba ya mwezi wa kwanza ni shilingi ngapi?
2. Kwa nini mkopo wenye malipo madogo ya mwezi unaweza kuwa ghali kuliko wenye malipo makubwa?
3. Kuna tofauti gani kati ya riba ya deni lililobaki na riba ya deni la mwanzo?
4. Mtoto wako anaomba hati ya shamba iwe dhamana ya mkopo wake. Mtamuuliza maswali gani kabla ya kumjibu?
5. Katika kijiji chenu, ni ipi nafuu: kukopa ujenge mara moja, au kujenga kidogo kidogo? Toeni hesabu, si maneno tu.