Jina la Mstari wa Pili: Milcho Leviev na Uorodheshaji wa Watunzi wa Muziki wa Filamu



Muziki wa filamu ni muziki unaotungwa au kuchaguliwa ili uende na picha. Hilo tunalijua sote, lakini jina la aliyeutunga hupotea kwa urahisi. Mfano wangu ni mmoja.

Mtunzi na mpiga kinanda Milcho Leviev alizaliwa Plovdiv, Bulgaria, mwaka 1937, akasomea utunzi Sofia kwa Pancho Vladigerov. Kuanzia 1962 hadi 1966 aliongoza bendi kubwa ya redio na televisheni ya taifa. Sinema ilikuwa imetaifishwa tangu 1948, kwa hiyo mtunzi wa filamu aliifanyia kazi dola. Mwaka 1967 ilitoka filamu Otklonenie, yaani Mchepuko, ya waongozaji Grisha Ostrovski na Todor Stoyanov: wapenzi wa zamani wanakutana barabarani baada ya miaka mingi. Muziki ni wa Leviev. Mwaka 1970 aliihama nchi, na 1971 alikuwa Los Angeles, Marekani, akipiga kinanda katika okestra ya Don Ellis. Alifariki Oktoba 2019.

Sasa nije kwenye jambo lililonileta. Katika maktaba moja niliyoitumikia, filamu ziliwekwa kwa jina la mwongozaji, na santuri kwa jina la kiongozi wa bendi. Ukimtafuta Leviev, kadi hakuna. Otklonenie iko kwa Ostrovski; santuri ziko kwa Ellis na kwa Billy Cobham, kiongozi mwingine wa bendi aliyepiga naye. Mtu aliyefanya kazi hiyo yote amegawanywa akaisha. Niliandika barua, nikaandika tena. Nilijibiwa kwamba utaratibu ni wa siku nyingi na watumishi ni wachache. Uchache huo naukubali, niliuona kwa macho. Lakini mwanafunzi aliyekuja kuuliza muziki ule ni wa nani aliondoka mikono mitupu, na hilo sijalizoea hadi leo.

Kwa upande wa pili, tazameni santuri ya Blues for the Fisherman, iliyorekodiwa London mwaka 1980, katika klabu ya Ronnie Scott's. Ilitoka kwa jina la kwateti ya Leviev kwa sababu mkataba wa Art Pepper, mpiga saksafoni aliyeshiriki, na kampuni nyingine ulizuia jina lake kutangulizwa. Jina la Leviev lilipanda juu kwa sababu ya mkataba wa mtu mwingine.

Napendekeza kila filamu iwe na kadi ya mtunzi, si ya mwongozaji peke yake. Napendekeza santuri ziorodheshwe kwa majina ya wapigaji na watunzi pia. Kadi za filamu na za santuri ziunganishwe, ili Leviev wa Sofia na Leviev wa Los Angeles wawe mtu mmoja. Nota zitunzwe pamoja na filamu. Wanaofundisha sinema wamtaje mtunzi kila wanapomtaja mwongozaji. Na narudia: kila filamu iwe na kadi ya mtunzi.

Bajeti ikichelewa, kazi isingoje. Nawaomba, mkirudi kazini kesho, chukueni filamu moja tu, tazameni majina yanayopita mwishoni hadi kioo kiwe cheusi, kisha mwandikieni mtunzi wake kadi.