Bei ya Nyumba Siku ya Kurudishiwa Hati: Gharama Halisi ya Mkopo wa Makazi kwa Mkazi wa Mtwara



Faida za mkopo wa nyumba hamnihitaji mimi kuzisikia. Maofisa mikopo wanazieleza vizuri, na vipeperushi vyao vina picha ambazo mimi sina. Nitazungumzia bei tu. Na bei ninayoisemea ni jumla ya fedha zitakazokuwa zimekutoka mfukoni siku unaporudishiwa hati yako, ambayo iko mbali sana na ile aliyoitaja mwenye nyumba pale Shangani au Chuno mjini Mtwara. Haisemwi mezani kwa sababu ni wachache wanaoiuliza.

Chukueni kalamu. Mkopo ni shilingi milioni 60, riba ni asilimia 17 kwa mwaka inayokokotolewa kwenye salio linalopungua, muda ni miaka 20. Riba hiyo sikuiokota njiani: kwa miaka mingi mikopo ya nyumba nchini imekuwa ikitolewa kwa asilimia 15 hadi 19, baada ya kushuka kutoka kwenye asilimia 22 na zaidi za mwaka 2010 hivi. Rejesho la kila mwezi ni takriban shilingi 880,000. Zidisha kwa miezi 240, unapata milioni 211. Nyumba moja umeilipia bei ya nyumba tatu na nusu.

Hapo ndipo watu huguna na kusema riba ni wizi, mazungumzo yakaishia hapo. Ningependa tuyaendeleze, kwa sababu kilichofanya kazi kubwa kwenye hesabu hii ni muda. Angalieni mwezi wa kwanza. Riba ya mwezi huo kwenye milioni 60 ni shilingi 850,000. Wewe umelipa 880,000. Kwa hiyo deni limepungua kwa shilingi 30,000, hela ya mboga. Mwezi wa pili linapungua kwa zaidi kidogo, na wa tatu hivyo hivyo. Baada ya miaka mitano umeshalipa karibu milioni 53, nawe bado unadaiwa milioni 57. Baada ya miaka kumi umelipa zaidi ya milioni 105 na unadaiwa milioni 50 na ushee. Nusu ya deni la mwanzo unaifikia ukiwa umeingia mwaka wa 17.

Mtumishi wa umma anayenisikiliza ajiulize: katika miaka mitano ya kwanza, ni mara ngapi barua ya uhamisho inaweza kumfikia? Akitaka kuuza nyumba ili ahamie Songea au Dodoma, atauza mali ambayo karibu mkopo wake wote bado anadaiwa na benki. Zile milioni 53 karibu zote zimekwenda kama kodi ya pango, tena kodi ghali.

Sasa tubadilishe kitu kimoja tu. Mkopo ule ule, riba ile ile, muda miaka 10. Rejesho linapanda hadi shilingi 1,043,000 hivi kwa mwezi. Jumla inakuwa milioni 125. Kwa kuongeza shilingi 163,000 kila mwezi umeokoa milioni 86, fedha inayotosha kujenga nyumba nyingine. Lakini pale benki mkopaji akilalamika kwamba rejesho ni kubwa, dawa anayopewa ni moja: tuongeze miaka. Anashukuru, anatia saini. Simlaumu ofisa. Yeye amejibu swali aliloulizwa.

Mtaniuliza kwa nini riba yetu iko juu hivi. Benki zetu hutegemea amana za muda mfupi, na kukopesha kwa miaka 20 fedha ambayo mwenyewe anaweza kuja kuichukua kesho ni hatari, kwa hiyo hatari hiyo inalipishwa. Tuliwahi kuwa na Benki ya Nyumba Tanzania, ikafa mwaka 1995 ikiwa imeelemewa na mikopo isiyolipika, na kwa miaka mingi baada ya hapo mkopo wa nyumba ulikuwa jambo la kusikia tu. Ilibidi ije sheria ya mwaka 2008 ya mikopo ya nyumba, kisha mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni inayozipa benki fedha za muda mrefu, ambayo tangu 2018 inauza hatifungani sokoni. Riba imeshuka, lakini mikopo ya nyumba nchi nzima bado haifiki hata asilimia 1 ya pato la taifa. Na Riba ya Benki Kuu, ile iliyoanza Januari 2024 kwa asilimia 5.5, msiichanganye na ya kwenu. Ile ni ya mabenki.

Kuna jambo la mfumuko wa bei ambalo wazee wetu huwa wanalikumbuka vibaya. Miaka ya 1980 mfumuko ulipokuwa karibu asilimia 30 kwa mwaka, deni la nyumba lilijiyeyusha lenyewe; mshahara ulipanda kwa tarakimu na rejesho likabaki palepale. Tangu 2018 mfumuko wetu umekuwa asilimia 3 hadi 4 na kidogo. Anayemshauri kijana akope tu kwa kuwa deni litaliwa na wakati anampa ushauri wa zama zilizopita.

Halafu gesi. Hakuna mtu hapa asiyekumbuka Mtwara ya 2012 hadi 2015. Gesi ya Mnazi Bay ilijulikana tangu 1982, na umeme wake tumeutumia kuanzia miaka ya 2000, lakini bomba la kwenda Dar es Salaam lilipoanza kujengwa mji ulibadilika ghafla. Wageni walikuja na posho zao, viwanja vikapanda, vyumba vikapanda, vurugu za 2013 za kupinga bomba hilo zikatokea, kiwanda cha saruji cha Dangote kikafunguliwa 2015. Bomba lilipokamilika, wengi wa waliokuja kulijenga waliondoka. Kodi za nyumba zilifuata safari yao. Marejesho hayakufuata. Mkopo wa miaka 20 uliochukuliwa kwa bei ya mwaka mmoja wa neema unabaki na bei ya mwaka ule hadi mwisho. Kila mazungumzo ya kiwanda cha kusindika gesi kule Lindi yanapopamba moto, nasikia tena watu wakipiga hesabu za wapangaji wa kizungu. Naomba hesabu hizo zipigwe kwa kodi anayolipa mwalimu wa Magomeni ya hapa Mtwara leo.

Korosho nataka niikalie kidogo, kwa sababu hapa ndipo mkazi wa mkoa huu anaweza kulishinda deni, au likamshinda yeye.

Fedha yetu haiji kila mwezi. Inakuja kwa minada, Oktoba hadi Januari, kupitia stakabadhi ghalani, kutoka vyama vikuu vya ushirika vya MAMCU au TANECU. Hata mtumishi mwenye mshahara mara nyingi ana mikorosho yake Tandahimba au Nanyamba. Mkataba wa benki unataka rejesho la kila mwezi lililo sawa, na mnada haujui tarehe ya rejesho. Msimu wa 2017 bei mnadani ilivuka shilingi 4,000 kwa kilo. Mwaka uliofuata wanunuzi wakataka kununua kwa bei ya chini, Serikali ikaamua kununua yenyewe kwa shilingi 3,300, na wako wakulima waliosubiri malipo kwa miezi mingi. Aliyekuwa amepanga kulipa benki kwa korosho za 2018 anajua ninachosema. Kwa hiyo rejesho la mwezi lisitegemee korosho kamwe. Litegemee mshahara au biashara inayozunguka.

Lakini fedha ya msimu ina kazi yake. Turudi kwenye mkopo wetu wa miaka 20. Ukiongeza shilingi 1,200,000 kila mwisho wa mwaka, zikaingia moja kwa moja kupunguza deni la msingi, mkopo unaisha katika miaka 12 na miezi michache. Ukiweza kuigawa ukaongeza 100,000 kila mwezi tangu mwanzo, unaisha katika miaka 12 kamili, na jumla unayolipa inashuka kutoka milioni 211 hadi milioni 141. Milioni 70 zimeokolewa na magunia machache ya korosho kwa mwaka. Sijui biashara nyingine halali hapa Mtwara inayolipa hivyo bila kukesha.

Yote hayo yanategemea kifungu kimoja kwenye mkataba, na hiki ndicho ningependa kila mmoja atoke nacho ukumbini: je, nikilipa zaidi ya rejesho, hiyo ziada inakwenda wapi? Kuna mikataba inayoipeleka kwenye deni la msingi siku hiyo hiyo. Kuna inayoihifadhi kama rejesho la mwezi ujao, na hapo hujaokoa chochote, umewahi tu foleni. Kuna inayotoza adhabu kwa kulipa mapema. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinakupa haki ya kuelezwa gharama za mkopo kabla hujasaini. Dai jedwali lote la marejesho, mwezi kwa mwezi hadi wa mwisho, likiwa na safu ya riba na safu ya deni la msingi. Ukiambiwa mashine haitoi jedwali hilo, ondoka.

Uliza pia kama riba inaweza kubadilika. Kwenye mfano wetu, ikipanda kutoka 17 hadi 19, rejesho linaongezeka kwa zaidi ya shilingi 90,000. Na kwa mtumishi ambaye theluthi ya mshahara wake lazima ibaki, 90,000 hiyo inaweza kumvusha mpaka huo.

Gharama nyingine nitazipitia haraka: ada ya mkopo, mthamini, mwanasheria, ushuru wa stempu wa asilimia 1 kwa anayenunua, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya nyumba, pango la ardhi, na kodi ya majengo ambayo tangu 2021 inakatwa kwenye LUKU. Bima ya nyumba wengi huiona ni mzigo. Aprili 2019 kimbunga Kenneth kilipokuwa kinakuja tulifunga shule na kukaa tunasikiliza redio. Kikageukia ng'ambo ya mto Ruvuma, kikaipiga Cabo Delgado. Nyumba za hapa pwani, Msimbati na Msangamkuu, zilinusurika. Na hewa ya chumvi haihitaji kimbunga: nondo na mabati ya pwani vinakula fedha kila mwaka, wala jedwali la benki halivihesabu.

Sasa najua wapo wanaojisemea kimoyomoyo kwamba yote haya hayawahusu. Rejesho la 880,000 linahitaji mshahara unaozidi sana milioni 1.3, maana kodi na michango nayo hukatwa humo humo. Walimu wengi hawaufikii. Na mtu wa vijijini, Kitaya, Kilambo au Mahurunga, ana ardhi ya kijiji, pengine ya ukoo, ambayo benki haitaipokea kirahisi. Hao hujenga kidogo kidogo, tofali msimu huu, bati msimu ujao, na wakikwama huchukua mkopo mdogo wa riba bapa. Wanadhani wamekwepa riba ya benki. Tupige hesabu: milioni 10, riba asilimia 2 kwa mwezi, bapa, miezi 24. Rejesho ni shilingi 616,667, jumla milioni 14.8. Inaonekana ni asilimia 24 kwa mwaka. Lakini riba inatozwa kwenye milioni 10 zote hadi mwezi wa mwisho, wakati nyingi umeshazirudisha. Ukiigeuza iwe ya salio linalopungua, ni karibu asilimia 41. Viongozi wa vyama vya akiba na mikopo mliopo hapa, naomba mliandike hilo kwenye fomu zenu kabla hatujayasema mabenki.

Kwa ndugu zangu Waislamu wanaoniuliza kuhusu murabaha: benki inanunua nyumba, inakuuzia kwa bei ya juu inayotajwa siku ya mkataba, unalipa kwa awamu. Amana Bank ilianza mwaka 2011 kwa misingi hiyo, na benki nyingine kubwa zimefungua madirisha ya namna hiyo. Msidhani lazima ni rahisi zaidi. Jumla inaweza kukaribiana sana na ile ya kawaida. Ila jumla hiyo imeandikwa kwenye karatasi ya kwanza, na bei haipandi katikati ya safari. Ukimaliza mapema, punguzo hutegemea benki, kwa hiyo nalo liulizwe.

La familia. Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka ridhaa ya mwenzi kabla nyumba ya ndoa haijawekwa rehani, na ukishindwa kulipa unapewa notisi ya siku 60 kabla benki haijachukua hatua ya kuuza. Nimeona akina mama wakisaini ridhaa hiyo mlangoni, chungu kikiwa jikoni. Huku kwetu, kwa Wamakonde, ambako nyumba na ardhi vimefuata upande wa mama tangu zamani, hilo linashangaza zaidi. Jedwali la marejesho lisomwe na wote wawili, na kama kiwanja kina mkono wa ukoo, mjomba naye aitwe kabla, maana asipoitwa atakuja siku ya mnada.

Mwisho ni jambo dogo la ofisini. Ukilipa shilingi ya mwisho, rehani haijifuti. Inabaki imeandikwa kwenye daftari la Msajili wa Hati mpaka benki itoe waraka wa kuifuta, nawe uupeleke ofisi ya ardhi ya mkoa na kulipia ada yake. Wapo warithi waliomaliza msiba wakakuta hati ya marehemu bado ina benki ndani yake. Nakala za jedwali la mkopo wa milioni 60, la miaka 20 na la miaka 10, ziko pale karibu na birika la chai. Mwenye mkataba wake mkononi aje nao tuukokotoe kabla ya kipindi kinachofuata.