HAKI YA KUITWA KWANZA KAZINI
Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama, Kaikor



Tumeombwa tuseme juu ya watu tuwaonao kila kampeni ya afya ipitapo: wale wabebao kasha la barafu kutoka awi hadi awi, wakawatia watoto matone ya polio, wakawapaka wino kidoleni, kisha wakarudi kwao wasijue kama wataitwa tena.

Kazi hiyo ni ya msimu. Mnakumbuka kwamba mwaka 2024 virusi vya polio vilionekana Kakuma, na mwezi wa Oktoba kampeni ikafanywa tangu tarehe 2 hadi 6 katika kaunti tisa, Turkana ikiwamo. Siku tano tu! Aliyeko Nairobi aweza kudhani kwamba kazi ya siku tano haihitaji mzoefu. Lakini kwetu huku mifugo ikifuata majani kuelekea mpakani, awi nzima huhama. Mchanjaji asiyejua nani amehama na nani, wala kisima kipi kina maji mwezi ule, atakuta boma tupu na kuandika kwamba hakuna watoto. Nao watoto wapo, chini ya mti mwingine, mwendo wa nusu siku.

Tumeyaona haya kwa macho yetu. Msimu mmoja mama wa hapa, aliyekwisha kufanya kazi hiyo mara tatu, alikuja na barua zake za zamani zimefungwa katika kitambaa, akaambiwa orodha imejaa. Majina yalikuwa yameandikwa mbali. Walioajiriwa badala yake walimwomba awaonyeshe njia, bila posho. Naye aliwaonyesha, kwa kuwa watoto ni wetu.

Je, sheria yasemaje? Kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 humpa kibarua masharti ya mfanyakazi wa mwezi, ikiwa siku zake za kazi za mfululizo zimefikia jumla ya mwezi mmoja. Siku tano hazifiki huko, na kati ya kampeni na kampeni mfululizo hukatika. Sheria ya Huduma ya Afya ya Msingi ya mwaka 2023 imewatambua wahudumu wa afya ya jamii, na hilo ni jema. Lakini si kila mchanjaji ni mmoja wao. Kwa hiyo haki ya kuitwa tena hatuna budi kuiomba iandikwe katika barua ya kazi yenyewe.

Twaomba daftari litunzwe katika kila kituo cha afya, lenye majina ya waliofanya kazi vema na njia walizopita. Waitwe hao kwanza. Na anayeachwa aambiwe sababu. Hatusemi vijana wafungiwe mlango. Mzoefu mmoja na atembee na mgeni mmoja. Wala hatumtetei aliyekaa kivulini akajaza karatasi za uongo. Huyo na aachwe, tena mapema.

Wako watakaouliza kama uzoefu wa mtu mnyonge una thamani hiyo. Ali Maow Maalin, mpishi wa hospitali huko Merca, Somalia, alikuwa mtu wa mwisho duniani kuambukizwa ndui kwa njia ya asili, mwezi Oktoba 1977. Baadaye aliingia katika kampeni za polio, akiwasimulia wazazi wenye shaka yale yaliyompata mwenyewe. Alifariki kwa malaria mwezi Julai 2013, akiwa katika kazi hiyo hiyo. Ni mgeni gani angaliweza kusema maneno yake?

Wanachama wenye barua za Oktoba 2024, au za kampeni nyingine yoyote, twawasihi wazilete kwa katibu kabla ya mkutano kufungwa. Aliyepoteza barua na amtaje msimamizi wake na awi alizozifikia. Majina hayo tutayapeleka Lodwar pamoja na ombi letu.